Uchu Usio na Maneno: Kumsoma Mhusika Aliyetekwa na Tamaa, kutoka Filamu Fupi za Japani hadi Kibera na Kawangware

Iwapo umewahi kusahihisha majibu ya fasihi ya kidato cha nne, bila shaka umekutana na sentensi hii mara nyingi: "Mhusika huyu ana tamaa." Aghalabu baada yake hufuata methali "Tamaa mbele, mauti nyuma", kisha mtahiniwa hukimbilia sifa ya pili. Sentensi yenyewe si kosa. Mtahini mkarimu ataitilia alama moja. Hata hivyo, haijaeleza lolote. Mhusika anatamani nini? Tamaa hiyo inaonekana wapi katika matini? Inampeleka wapi? Nani anayelipa gharama yake?

Katika makala haya tutaangalia aina moja mahususi ya tamaa, yaani ile inayomteka mtu hata asiwe na nafasi ya kuwazia jambo jingine. Tutaiita uchu. Tutaitazama kwanza katika fasihi simulizi yetu, kisha katika filamu fupi za majaribio za Japani, halafu katika filamu zilizotoka hapa Nairobi, hasa mtaani Kibera. Mwishowe tutarejea kwenye hadithi ambayo watahiniwa wengi wameisoma, "Tumbo Lisiloshiba". Hoja yetu ni kwamba uchu ni zaidi ya sifa ya mhusika. Ni mwendo unaoisukuma kazi nzima kutoka mwanzo hadi mwisho, na ndiyo sababu hauwezi kumalizwa kwa sentensi moja.

Huenda ukauliza, kwa nini filamu, ilhali karatasi ya tatu inatahini vitabu? Sababu ni kwamba katika filamu fupi isiyo na mazungumzo mengi, msomaji hana mahali pa kujificha. Hakuna msimulizi wa kumwambia kwamba fulani ni mlafi. Lazima atazame, akusanye ishara, kisha athibitishe. Hiyo ndiyo stadi inayohitajika katika swali lolote la fasihi. Isitoshe, tamasha za kitaifa za drama za shule zetu sasa hujumuisha filamu, hivyo mwalimu wa Kiswahili huitwa kila mwaka kusaidia kuandaa miswada yake.

Msamiati wa kutamani

Kiswahili kina maneno mengi ya kutamani, na mtahiniwa makini hayachanganyi. Hamu ni kutaka kwa kawaida: una hamu ya chai, unakunywa, hamu inakwisha. Shauku ni hamu kali iliyojaa matarajio, kama ya mtoto anayesubiri sikukuu. Ashiki ni mapenzi yanayowaka. Uroho na ulafi huhusu chakula na mali. Kiu ni haja ya mwili, na kisitiari ni haja ya jambo ambalo mtu hawezi kuishi bila kulipata. Uchu, kwa namna tutakavyoutumia hapa, ni hamu inayozidi kila inapotimizwa. Uraibu ni uchu uliokwisha kuwa mazoea na utumwa.

Tofauti hizi hazikubuniwa na wahakiki. Wahenga walikwisha kuzichunguza. Methali "Mchovya asali hachovyi mara moja" inatufunza kwamba uchu hujulikana kwa kurudiwa. Methali "Akipenda, chongo huita kengeza" inatufunza kwamba uchu huyabadili macho ya anayependa, akaona asichoona mwingine. Nayo hekaya ya fisi aliyefika njia panda, akasikia harufu ya nyama kutoka njia zote mbili, akataka kuzifuata kwa pamoja hadi akapasuka msamba, inatufunza kwamba uchu huandikwa mwilini. Fisi hakuhutubu kuhusu tamaa yake. Miguu yake ilisema.

Kutokana na hazina hii tunaweza kuunda maswali manne yatakayotuongoza:

1. Kitu kinachotamaniwa ni kipi, na kinaonyeshwa kwa taswira gani?
2. Ni kitendo, neno au picha gani inayorudiwarudiwa?
3. Mwili na mtazamo wa mhusika vinabadilikaje?
4. Nani anayelipa gharama: mwenye uchu mwenyewe, au mtu mwingine?

Swali la nne ndilo linalosahauliwa sana, na tutaona kwamba ndilo zito kuliko yote.

Sauti juu ya picha: kibanda cha video Kawangware

Kawangware ni mtaa wa magharibi mwa Nairobi, katika eneo la Dagoretti, na umepakana na Lavington, mojawapo ya mitaa ya wenye nacho. Kwa miaka mingi vijana wa mitaa kama huu wamejifunza sanaa ya filamu katika vibanda vya video: chumba cha mabati, mabenchi, runinga moja mbele, na kiingilio cha shilingi chache. Filamu zenyewe aghalabu ni za ng'ambo, za mapigano kutoka Hong Kong, za mapenzi kutoka India, za bunduki kutoka Marekani. Watazamaji hawazielewi lugha zake zote, lakini haidhuru. Wapo wasimulizi, DJ Afro akiwa mashuhuri kuliko wengi, ambao hutia sauti zao juu ya picha kwa Kiswahili na Sheng. Msimulizi huwabatiza wahusika majina ya nyumbani, hutania, huonya, na hutangaza kinachotamaniwa kabla mhusika hajakifikia.

Wengi hudhani huu ni ubunifu wa mitaa yetu pekee. La hasha. Japani ilikuwa na wasanii wa aina hii tangu filamu zilipoingia nchini humo mwishoni mwa karne ya 19. Waliitwa benshi. Filamu zilipokuwa bado bubu, benshi alisimama kando ya skrini akasimulia, akaigiza sauti za wahusika wote, akaeleza yaliyomo mioyoni mwao. Baadhi yao walikuwa na sifa kubwa kiasi cha watu kwenda ukumbini kumsikiliza benshi fulani badala ya kumtazama mwigizaji. Sanaa hiyo ilififia katika miaka ya 1930, baada ya filamu zenye sauti kushika nafasi.

Mwalimu mwenzangu, zingatia kazi ya msimulizi huyu, awe wa Tokyo au wa Kawangware. Yeye hutufanyia uhakiki. Hutuambia, "huyu anamtaka yule," nasi tunatulia. Ni kazi nzuri na inafurahisha. Hatari yake ni kwamba mtahiniwa aliyezoea kuambiwa huja katika chumba cha mtihani akawa yeye ndiye DJ: anatia sauti yake juu ya matini, anatangaza "ana tamaa", bila kuonyesha matini yenyewe inasema nini. Je, kukitokea kazi ambayo imemwondoa msimulizi kabisa, tutaisomaje?

Filamu za majaribio za Japani: uchu bila sauti

Katika miaka ya 1960 na 1970 kundi la wasanii wa Japani lilianza kutengeneza filamu fupi ambazo ziliacha kwa makusudi njia za kawaida za kusimulia. Tunaweza kuziita filamu za majaribio, kama tunavyoziita Nagona (1990) na Mzingile (1991) za Euphrase Kezilahabi riwaya za majaribio. Msuko wa moja kwa moja hauna nafasi kubwa. Ndoto, ishara na mdundo ndivyo vinavyoongoza. Mada mojawapo iliyowavuta wasanii hao ni uchu: wa mapenzi, wa kumbukumbu, wa kifo, wa kumiliki. Tuchukue mifano miwili.

Mfano wa kwanza ni Atman, filamu ya Toshio Matsumoto ya mwaka 1975 yenye urefu wa takriban dakika 11. Mhusika ni mmoja tu. Ameketi mahali pa wazi, amevaa kinyago cha hannya, na hasemi neno lolote. Kamera inamzunguka. Matsumoto alipanga vituo 480 kwenye duara kumzunguka mhusika huyo, akapiga picha kutoka kila kituo, kisha akaziunganisha. Matokeo yake ni mzunguko unaoanza taratibu, unaongeza kasi, unasogea karibu, unarudi nyuma, hadi mtazamaji anashikwa na kizunguzungu.

Ili kuielewa filamu hii yafaa kukijua kinyago chenyewe. Hannya ni kinyago cha drama ya kale ya Japani iitwayo Noh. Kinawakilisha mwanamke ambaye wivu na mapenzi yasiyojibiwa yamemgeuza kuwa shetani. Kina pembe mbili na meno makali. Waliokichonga walikuwa na ustadi mkubwa: ukikitazama ana kwa ana, kimekasirika, mwigizaji akiinamisha kichwa, kinaonekana kulia. Ghadhabu na huzuni zimo katika ubao uleule.

Sasa tutumie maswali yetu. Kinachotamaniwa ni nini? Hatuonyeshwi, na kutoonyeshwa huko kuna maana: uchu umekuwa mkubwa kuliko kitu chake. Nini kinarudiwa? Duara. Kamera inarudi palepale mara kwa mara kama wazo lisilomtoka mtu usiku. Mwili umebadilikaje? Uso wa binadamu umekwisha kuwa wa shetani. Nani analipa? Mwenye uchu mwenyewe, ambaye amekwama katikati ya duara asiloweza kulitoka. Ona kwamba tumepata hoja nne bila mhusika kutamka hata silabi moja.

Mfano wa pili ni Yukoku, filamu ya dakika zipatazo 28 iliyotoka mwaka 1966. Mwandishi mashuhuri Yukio Mishima aliitunga kutokana na hadithi yake fupi, akaielekeza na kuwa mwigizaji mkuu. Inahusu afisa wa jeshi na mkewe baada ya jaribio la kuipindua serikali mnamo Februari 1936. Afisa huyo anakatazwa na heshima yake kuwashambulia wenzake walioasi, naye hawezi kuiasi amri. Wawili hao wanaamua kufa pamoja. Hakuna mazungumzo. Mandhari ni jukwaa jeupe la Noh, hati za kuandikwa kwa mkono ndizo zinazoeleza kisa, na muziki ni wa Wagner. Kinachotamaniwa hapa ni usafi wa kifo, na kila kitu jukwaani kimepangwa kwa unadhifu wa ibada. Miaka minne baadaye, mnamo Novemba 1970, Mishima mwenyewe alijitoa uhai kwa njia iliyofanana na ile aliyoiigiza. Mjane wake aliagiza nakala za filamu ziharibiwe, na hadi mwaka 2005 ilidhaniwa kwamba imepotea, kabla ya negativu yake kupatikana.

Filamu hii ya pili haifai kuonyeshwa darasani, na hatuitaji ili isifiwe. Tunaitaja kwa sababu inatuonya kuhusu mtego mmoja. Mtindo wa kuvutia unaweza kuupamba uchu hadi ukaonekana utukufu. Mhakiki hana budi kutenganisha uzuri wa namna jambo lilivyosemwa na uzito wa jambo lenyewe. Anayesifu taswira bila kuuliza swali la nne, nani analipa, amepumbazwa na kinyago.

Kibera: baba aliyeiweka nafsi yake rehani

Tukirudi nyumbani, tunakuta kwamba Kibera imekwisha kuwa na filamu zake. Jina lenyewe linatokana na neno la Wanubi lenye maana ya msitu, kwa kuwa askari Wanubi na jamaa zao ndio waliokuwa wakazi wa mwanzo wa makao hayo katika enzi ya ukoloni. Mnamo mwaka 2006 ilitoka filamu fupi Kibera Kid ya Nathan Collett, Mmarekani, ambamo watoto wa mtaani humo waliigiza. Inamhusu Otieno, mvulana yatima anayeishi na genge la wezi na ambaye inambidi achague njia. Baadaye ilianzishwa shule ya kufunza vijana wa Kibera utengenezaji wa filamu.

Kwa mada yetu, filamu inayofaa zaidi ni Soul Boy, ya mwaka 2010, yenye urefu wa takriban saa moja. Iliongozwa na Hawa Essuman, mswada ukiandikwa na Billy Kahora, na ilipigwa Kibera kwenyewe. Sehemu kubwa ya mazungumzo ni ya Kiswahili, jambo linaloifanya kuwa kifaa kizuri kwa mwalimu wetu.

Kisa ni hiki. Abila, mvulana wa miaka 14, anaamka asubuhi na kumkuta baba yake, mwenye duka, amejikunyata akinong'ona kwamba nafsi yake imeibwa. Abila, akisaidiwa na rafiki yake Shiku, anagundua kwamba baba aliipoteza nafsi hiyo katika kamari, akiwa na mwanamke ambaye si wa kawaida. Mwanamke huyo ni Nyawawa. Abila anamtafuta katika pembe za giza za mtaa, naye anampa majukumu saba. Akiyatimiza, nafsi ya baba itarudishwa.

Msomaji kutoka nyanda za Ziwa Viktoria atalitambua jina hilo. Katika imani za Waluo, nyawawa ni pepo wanaopita jioni, na watu hugonga mabati, masufuria na debe ili wapite bila kuingia nyumbani. Mtunzi amelitoa pepo hilo ziwani akalileta jijini, kwenye mabati ya Kibera. Hii ni mbinu inayoitwa uhalisia mazingaombwe: mambo ya ajabu yanatokea katika mandhari halisi, na wahusika wanayapokea kama sehemu ya maisha.

Tuulize tena maswali yetu. Kinachotamaniwa na baba ni nini? Juu juu ni ushindi wa kamari na mwanamke. Kwa undani ni kutoka: kutoka katika duka dogo, katika madeni, katika maisha ya kubangaiza. Uchu wake umepewa umbo la mwanamke ili tuweze kuuona. Ni tashihisi, na pia ni jazanda. Hapa mwalimu awe mwangalifu. Fasihi nyingi, ya Japani na yetu, humvika mwanamke kinyago cha uchu wa mwanamume. Mwanafunzi aulizwe: Je, Nyawawa ndiye aliyemwibia baba, au baba ndiye aliyeiweka nafsi yake mezani?

Mwili umebadilikaje? Baba haumwi kidonda. Amekwisha tu, kama taa iliyoishiwa mafuta. Ni picha iliyo kinyume cha Atman: badala ya mzunguko usiokoma, tunaona mtu aliyekoma kabla ya kufa. Ilhali zote mbili zasema jambo moja, kwamba aliyetekwa na uchu amepokonywa nafsi yake.

Nani analipa? Mtoto. Baba aliketi chini, mwana ndiye anayekimbia mtaa mzima kutimiza majukumu saba. Hapa ndipo filamu ya Kibera inapoizidi ile ya Japani kwa upande wa maadili. Matsumoto anatuonyesha mtu mmoja ndani ya duara lake. Essuman na Kahora wanatuonyesha kwamba katika mtaa ambapo watu wanaishi chumba kimoja, hakuna uchu wa mtu mmoja. Anayecheza kamari usiku ameicheza karo ya asubuhi.

Na ikumbukwe kwamba filamu hiyo ilitoka kabla ya kamari ya simu kuenea kote nchini. Leo Nyawawa hahitaji kutafutwa katika pembe za giza. Anakaa mfukoni, anatoa mwanga wa skrini, na anakubali hata shilingi ishirini za nauli. Mwalimu anayefunza mada hii hapaswi kushangaa akikuta kwamba baadhi ya wanafunzi wake wanaifahamu kwa karibu.

Upande wa pili: kiu isiyo uchu

Itakuwa dhuluma tukiishia hapo, kwa kuwa si kila tamaa inayomteka mtu ni ya kulaaniwa. Filamu fupi Pumzi ya Wanuri Kahiu, ya mwaka 2009, yenye dakika zipatazo 21, inatuonyesha upande mwingine. Ni ya kubuni kuhusu siku zijazo. Vita vya maji vimekwisha, ardhi imekauka, na watu wanaishi ndani ya mji uliofungwa uitwao Maitu. Kila tone la maji, hata jasho na mkojo, husafishwa na kutumiwa tena. Watu wanameza dawa za kuzuia ndoto.

Asha, mtunzaji wa makumbusho, anapokea udongo usiojulikana ulikotoka. Anaunusa. Anaona mti. Kuanzia hapo hana amani. Anaipanda mbegu, inachipuka, wakubwa wanamkataza kutoka nje, naye anatoroka na kutembea jangwani. Anakichimbia kichipukizi shimo, anakinywesha maji yake ya mwisho, na kukikinga jua kwa mwili wake.

Ukitumia maswali matatu ya kwanza pekee, Asha hana tofauti na baba yake Abila. Ana kitu kimoja kinachomtesa, anakirudia ndotoni, na mwili wake unateketea kwa ajili yake. Wakubwa wa Maitu wangemwita mgonjwa. Ni swali la nne linalowatenganisha. Baba alilipa kwa nafsi yake na utoto wa mwanawe. Asha analipa kwa uhai wake mwenyewe, na wanaofaidika ni wengine. Ndiyo maana kwake neno kiu linafaa kuliko uchu.

Kibera ina mfano wake wa kiu ya namna hii. Wakati wa ghasia zilizofuata uchaguzi wa Desemba 2007, msanii wa mtaani humo ajulikanaye kama Solo 7 alizunguka akiandika kwa rangi maneno ya kuomba amani kwenye kuta, mabati na barabara, mara kwa mara, mahali baada ya mahali. Hiyo ni takriri, mbinu ileile ya duara la Matsumoto. Lakini duara hilo halikumfunga msanii. Liliwazunguka jirani zake.

Kutoka skrini hadi kitabu: "Tumbo Lisiloshiba"

Sasa turudi kwenye matini iliyo mikononi mwa walimu wengi. "Tumbo Lisiloshiba" ni hadithi ya Said Ahmed Mohamed iliyoupa jina mkusanyiko Tumbo Lisiloshiba na Hadithi Nyingine, uliohaririwa na Alifa Chokocho na Dumu Kayanda. Katika mtaa wa Madongoporomoka, jitu la miraba minne linaingia katika mkahawa wa Mzee Mago na kukila chakula chote kilichokuwapo. Nyuma ya kisa hicho kuna hofu ya wakazi kwamba wenye nguvu wanaitaka ardhi yao.

Mtahiniwa wa kawaida ataandika, "Jitu ni lafi." Mtahiniwa aliyetufuata hadi hapa ataendelea. Kitu kinachotamaniwa kinaanza kuwa chakula, kisha kinakuwa ardhi: ulaji ni jazanda ya unyakuzi. Takriri iko katika vitendo vya kula, sahani baada ya sahani. Mwili wa jitu umetiwa chuku ili uchu upate umbo. Nalo swali la nne linatoa jibu ambalo halijatokea katika filamu zetu zote: hapa mwenye uchu halipi chochote. Wanaolipa ni wote isipokuwa yeye.

Kwa mwanafunzi wa Kibera hiyo si jazanda ya mbali. Mnamo Julai 2018 nyumba na shule kadhaa mtaani humo zilibomolewa ili kupisha barabara ya kuunganisha Barabara ya Ngong na Lang'ata. Mtoto aliyemwona baba yake akiokota mabati siku hiyo anaisoma Madongoporomoka kwa macho mengine.

Neno kwa walimu

Hili ndilo lililotusukuma kuandika. Tunapofunza maudhui ya tamaa kwa haraka, tukitoa methali na kusonga mbele, tunawafunza watoto wa Kibera na Kawangware kwamba kutaka ni dhambi. Kijana wa Kawangware akisimama upande mmoja wa barabara akatazama maghorofa ya Lavington, na akatamani chumba chake mwenyewe, maji ya bomba na kitanda kisicholaliwa na watu wanne, huyo hana uchu. Ana haja. Hamu yake itakwisha siku atakapovipata, na hiyo ndiyo tofauti tuliyoianza nayo. Jitu la Madongoporomoka halina siku kama hiyo. Likishiba leo, kesho litataka maradufu.

Methali "Tamaa mbele, mauti nyuma" ikielekezwa kwa mwenye njaa inakuwa kemeo la kumnyamazisha. Ikielekezwa kwa mwenye kushiba anayezidi kula, inakuwa hekima. Wahenga walituachia pia "Penye nia pana njia" na "Mtaka cha mvunguni sharti ainame". Mwalimu anayezitumia zote tatu, na kumwongoza mwanafunzi kuchagua ipi inamfaa mhusika yupi na kwa nini, amefunza uhakiki. Anayetumia ya kwanza peke yake amehubiri.

Swali la mfano

"Uchu wa mtu mmoja huigharimu jamii nzima." Thibitisha ukweli wa kauli hii kwa kurejelea hadithi "Tumbo Lisiloshiba". (Alama 20)

Mtahiniwa aanze kwa kueleza uchu ni nini na unatofautianaje na hamu ya kawaida. Kisha ajenge hoja zake kwa kufuata maswali manne. Kila hoja iwe na sehemu tatu: dai, tukio mahususi kutoka kwenye hadithi, na maelezo ya jinsi tukio hilo linavyothibitisha dai. Ataje mbinu inayotumika, kama vile jazanda, chuku, takriri au kinaya, na aseme mbinu hiyo inafanya kazi gani. Kuitaja tu hakutoshi. Hitimisho lirejelee kauli ya swali na kuamua iwapo imethibitika kikamilifu au kwa kiasi.

Mazoezi ya kudurusu

1. Tofautisha maneno haya kwa kutunga sentensi: hamu, shauku, uroho, kiu, uchu, uraibu.
2. Chagua mhusika mmoja mwenye tamaa katika kitabu unachokisoma. Mjibie maswali manne yaliyotolewa katika makala haya, bila kutumia neno "tamaa" hata mara moja.
3. Simulia upya hekaya ya fisi wa njia panda, ukionyesha gharama ikilipwa na mtu mwingine badala ya fisi. Maadili ya hekaya yanabadilikaje?
4. Katika kikundi, andikeni mswada wa filamu ya dakika tatu kuhusu mtu aliyetekwa na kitu kimoja. Mhusika asiseme neno lolote. Wenzenu watazame na waeleze anatamani nini na nani anayelipa. Wakishindwa, msiongeze maneno, badilisheni taswira.